Uwezo Tulioambiwa Tunao

Hakuna aliyepita darasani katika nchi hii asiyeyajua maneno matatu ya Vita vya Kagera: uwezo, sababu na nia. Mwalimu Nyerere aliyatamka tarehe 2 Novemba 1978, siku chache tu baada ya majeshi ya Idi Amin kuvuka mpaka na kuingia katika mkoa uliokuwa ukiitwa Ziwa Magharibi. Tangu siku hiyo yamekaririwa hata yamekuwa kama jedwali la kuzidisha: mtoto anayataja yote bila kusimama kwenye hata moja. Sababu ya kupigana haikuhitaji maelezo. Nia tuliiona kwa macho yetu, watu wakitoa ng'ombe, nafaka na vijana wao. Neno linalopitwa upesi ni uwezo, nalo lilikuwa gumu kuliko mengine yote, kwa kuwa nchi ilipoambiwa kwamba inao, hazina yake ilikuwa inaelekea kukauka na wengi wa rafiki zake walikuwa wanatazama pembeni.

Naandika haya kwa kuwa nimechoshwa na maneno ya aina mbili. Ya kwanza husemwa na vijana waliosoma: kwamba vita vile vilikuwa hasira ya mzee mmoja dhidi ya mwingine, na kwamba tungekuwa na akili tungesimama mpakani tukawaachia wenye Kampala Kampala yao. Ya pili husemwa na wazee wenzangu kwenye baraza za kahawa hapa Mwanza, nayo ni tamu zaidi kwa sababu haimlaumu mtu yeyote wa hapa kwetu: kwamba dhiki yetu yote ya miaka ya themanini ililetwa na Amin. Wa kwanza wanadhani vita huamuliwa na moyo wa mtu. Wa pili wanadhani bunduki peke yake ndiyo iliyotutoboa mifuko. Kwa pande zote mbili sijaona aliyechukua kalamu na karatasi akapiga hesabu.

Tuanze na swali ambalo wanafunzi wangu waliniuliza kila mwaka. Adui aliwezaje kuingia kirahisi namna ile, akafika hadi mto Kagera, na tarehe 1 Novemba akatangaza kwamba nchi yote iliyo kaskazini ya mto, karibu kilomita za mraba 1,800, ni mali yake? Askari wetu walikuwa wapi? Jibu haliko katika ushujaa wala uoga. Sehemu yake moja iko Mogadishu. Mwezi Septemba 1972, baada ya wafuasi wa Obote kuvamia Uganda kutoka kwetu na kushindwa, ndege za Amin zilipiga mabomu Bukoba na hapa Mwanza. Siad Barre wa Somalia akasuluhisha, na Oktoba mwaka huo pande mbili zikakubaliana kuweka majeshi yao umbali wa kilomita 10 kutoka mpakani. Karatasi ile ilituletea miaka sita ya nusu amani. Lakini ndiyo pia iliyouacha mpaka ukilindwa na watu wachache. Sehemu ya pili ya jibu iko kusini. Dar es Salaam ilikuwa makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika, Rhodesia ilikuwa inaishambulia Msumbiji, na jeshi letu lilikuwa limeelekeza uso huko. Siasa yetu ya nje ndiyo iliyopanga vikosi vyetu, miaka mingi kabla ya risasi ya kwanza kulia Mutukula.

Na yule mwenzetu wa upande wa pili? Watu husema Amin alikuwa mwendawazimu, wakadhani wamemaliza maelezo. Mwendawazimu naye hula, na askari wake hula. Mwaka 1972 aliwafukuza Waasia, akaita jambo lile vita vya uchumi, akawagawia askari wake maduka. Mwaka 1978 maduka yale yalikuwa yamebaki milango na rafu. Kahawa ilikuwa inaleta karibu fedha zote za kigeni za Uganda. Bei yake ilikuwa imeporomoka kutoka kilele cha 1977, na mwezi Oktoba 1978 Marekani, mnunuzi mkubwa, ikapiga marufuku kwa sheria kununua bidhaa kutoka Uganda. Jeshi lililozoea kuletewa wiski na saa za mkono kwa ndege kutoka Uingereza lilianza kuasi kambi kwa kambi. Mwisho wa mwezi uleule likavuka mpaka wetu. Sisemi kwamba marufuku ya kahawa ndiyo iliyoleta vita. Hiyo ingekuwa rahisi mno. Nasema kwamba mtawala asiyekuwa tena na cha kuwagawia askari wake aliwaonyesha ng'ombe wa jirani, nao wakaenda kuwachukua, kwa maelfu, pamoja na mali ya kiwanda cha sukari cha Kagera na mabati ya nyumba za watu.

Sasa turudi kwenye uwezo wetu. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilikuwa imevunjika mwaka 1977. Tulikuwa tumefunga mpaka na Kenya Februari mwaka huohuo, na haukufunguliwa hadi Novemba 1983. Maana yake ni kwamba kila pipa la mafuta, kila risasi na kila gunia la unga lililokwenda mstari wa mbele lilitoka Dar es Salaam kwa reli zaidi ya kilomita 1,200 hadi hapa Mwanza, kisha kwa meli kwenda Bukoba, kisha kwa barabara ya tope hadi Kyaka. Au lilizunguka ziwa kwa lori kupitia Biharamulo, na ilikuwa msimu wa vuli. Ukipenda kujua umuhimu wa reli katika ziwa hili, waulize Wajerumani. Mwaka 1914 reli yao ilikwenda Kigoma, haikuja Mwanza. Waingereza walikuwa na reli ya Mombasa hadi Kisumu, na kwa njia hiyo meli zao zilikuwa zimeletwa vipande vipande zikaunganishwa ziwani. Juni 1915 waliteremka Bukoba, Julai 1916 wakaichukua Mwanza. Ziwa ni la yule ambaye gari moshi lake linafika ufukweni. Sisi letu lilifika tangu 1928, na nathubutu kusema kwamba bila ya reli ile maneno matatu ya Mwalimu yangebaki mawili.

Hata hivyo reli haikutosha. Serikali iliwaagiza wakuu wa mikoa wakusanye kila kitu kinachoweza kusaidia, na malori na mabasi ya watu binafsi yakachukuliwa kubeba askari. Jeshi lililokuwa na watu chini ya 40,000 likapanuliwa kwa miezi michache hadi kupita 100,000, kwa kuongeza mgambo, polisi, magereza na JKT. Huu ndio uwezo wenyewe: basi la abiria na mkulima aliyeacha jembe. Msomaji wa Usukumani atanielewa haraka. Vuli ndio wakati wa kupanda pamba. Mgambo aliyekaa handakini Novemba na Desemba ni shamba ambalo halikupandwa, na shamba ambalo halikupandwa ni fedha za kigeni ambazo hazitaingia mwakani.

Hapo ndipo ninapokutana na wale vijana wanaosema tungesimama mpakani. Mtu mmoja aliniambia, tena kwa heshima, "Mwalimu, mto Kagera ulikuwa boma la asili, daraja la Kyaka Amin mwenyewe alikwisha lilipua, mngekaa upande wa kusini mkasubiri." Tungesubiri nini? Katikati ya Novemba Amin alitangaza kwamba anarudisha askari wake. Tuseme tulimwamini. Tungerudisha mgambo mashambani, naye angerudi tena siku ambayo askari wake wangeanza upya kunung'unika. Tuseme hatukumwamini. Basi tungelazimika kuweka jeshi la watu zaidi ya 100,000 mpakani mwaka mzima, miaka miwili, mitano, likila na kuchoma mafuta bila kusogea, huku Libya ikimjazia silaha. Nchi tajiri inaweza kukaa hivyo. Marekani imeweka askari Korea tangu miaka ya hamsini. Nchi maskini haiwezi vita virefu vya kukaa, inaweza vita vifupi vya kwenda. Kwa hesabu ya fedha tu, ukiacha haki, ukiacha damu ya raia wa Kagera, kwenda mbele kulikuwa nafuu kuliko kungoja. Wanaoita hilo hasira hawajawahi kulisha shule ya bweni kwa muhula mmoja.

Lakini kwenda mbele kulikuwa na bei nyingine, isiyolipwa kwa shilingi. Nyerere ndiye aliyepeleka hoja katika mkutano wa Cairo mwaka 1964 kwamba nchi za Afrika ziheshimu mipaka iliyoachwa na wakoloni. Amin aliivunja hoja ile mbele ya macho ya Afrika nzima, na Umoja wa Nchi Huru za Afrika ukakataa kumlaani. Ulituma wasuluhishi, kana kwamba aliyeibiwa na mwizi ni ndugu wawili waliogombana. Mwalimu alidai mambo ambayo kila mzazi angeyaelewa: Amin alaaniwe, akane madai yake juu ya nchi yetu, alipe hasara. Hakupata hata moja. Mwenyekiti wa Umoja mwaka ule alikuwa Nimeiry wa Sudan. Na mwenyekiti wa mwaka 1975 hadi 1976 alikuwa nani? Amin mwenyewe! Umoja wa namna hiyo ungemlaani vipi mtu ambaye jana tu alikuwa amekalia kiti cha mbele?

Kwa sababu hiyo vita vyetu vilipiganwa kwa mwendo ambao afisa asiyejua mambo ya mabalozi asingeuelewa. Mutukula ilichukuliwa Januari 1979. Masaka na Mbarara zilianguka mwishoni mwa Februari. Kisha majeshi yakapunguza mwendo. Kwa nini? Kwa sababu Tanzania ilikuwa inauambia ulimwengu kwamba ndani ya Uganda wanaopigana ni Waganda wenyewe, na Waganda wenyewe walikuwa wachache na wamegawanyika. Ikabidi watafutiwe umoja. Mkutano wa Moshi wa tarehe 24 hadi 26 Machi, uliomtoa Yusuf Lule kuwa kiongozi, ulikuwa silaha ya vita kama mzinga wowote. Ilikuwa hila? Ilikuwa hila, na mimi siioni aibu. Taifa lisilokuwa na mafuta ya kutosha wala marafiki wa kutosha haliwezi kuingia mji mkuu wa jirani likiwa peke yake na kuitwa mkombozi.

Ila hila nayo ina gharama. Majuma yale ya kupunguza mwendo yaliwapa nafasi Walibya kuingia. Gaddafi alikuwa akimpenda Amin tangu alipowafukuza Waisraeli mwaka 1972, naye alileta askari wapatao maelfu mawili na zaidi, vifaru na mizinga ya roketi. Pale Lukaya, tarehe 10 Machi, brigedi yetu ya 201, iliyojaa mgambo, ilipigwa na roketi zile ikatawanyika, na kesho yake ndipo Jenerali David Musuguri, mwana wa Butiama aliyefariki mwaka 2024 akiwa amepita umri wa miaka 100, alipoigeuza hali ile. Wakulima wa pamba waliolala Lukaya walilipa sehemu ya bei ya subira yetu ya kibalozi. Hilo nalo liandikwe. Anayesifu busara ya Mwalimu bila kulitaja anafanya kazi nusu.

Mwishoni mwa mwezi uleule vita vilitufuata hapa nyumbani. Gaddafi alikuwa amempa Mwalimu saa 24 za kuondoa majeshi Uganda, Mwalimu hakuyaondoa, na ndege moja ya Libya aina ya Tupolev ikaja Mwanza. Jambo la kuangalia ni shabaha yake. Haikulenga kambi ya jeshi, haikulenga ofisi ya mkoa. Ililenga matangi ya mafuta. Rubani yule, au waliomtuma, walijua kuliko vitabu vyetu vya historia kwamba jeshi la Tanzania lilikuwa limening'inia kwenye matangi yale kama kibuyu kwenye kamba. Mabomu yakakosa, yakaangukia kisiwa cha Saanane, yakaua wanyama wa bustani. Tulicheka sana juu ya swala wale. Nami nilicheka, nikiwa mwalimu kijana. Lakini hebu fikiri kama mabomu yangepata. Mafuta yaliyokuwa Mwanza hayakuwa na mbadala wa karibu. Kenya ilikuwa imefungwa, na behewa la mafuta kutoka pwani halifiki kwa siku moja. Huenda Kampala isingeanguka Aprili. Ndege zetu zilijibu kwa kupiga Kampala, Entebbe na Jinja, na huko nako matangi ya mafuta yalikuwa miongoni mwa shabaha. Pande zote mbili zilijua mahali roho ya vita ilipo.

Kisha likaja jambo ambalo ningependa kila mwanafunzi wa uongozi alisome. Jeshi letu lilipoizunguka Kampala mapema Aprili, lingeweza kufunga njia zote. Mwalimu akaagiza barabara ya mashariki, iendayo Jinja, iachwe wazi ili Walibya watoke. Askari wengi walilalamika, na mtu wa vita ana haki ya kulalamika anapoambiwa amwache adui aende zake. Lakini Walibya elfu mbili waliouawa au kufungwa Kampala wangekuwa deni letu kwa nchi zote za Kiarabu. Wauza mafuta walikuwa akina nani? Bei ya mafuta ilikuwa imeanza kupanda upya mwaka uleule baada ya mapinduzi ya Iran. Mwalimu hakutaka ugomvi wa Tanzania na Uganda ugeuzwe ugomvi wa Waafrika weusi na Waarabu. Ile barabara iliyoachwa wazi naiona kuwa uamuzi wake bora kuliko yote katika vita vile, na ndio usioimbwa na mtu. Kampala ilianguka tarehe 11 Aprili, na mwanzoni mwa Juni askari wetu wakafika mpaka wa Sudan.

Sasa wazee wenzangu wa barazani. Mnasema Amin alituharibia uchumi. Vita viligharimu fedha nyingi sana; kiasi kinachotajwa zaidi ni dola milioni 500 za Kimarekani, na kwa nchi kama yetu siku zile ulikuwa mzigo wa kuvunja mgongo. Sibishi. Lakini mgongo wenyewe ulikuwaje kabla ya mzigo? Mwaka 1976 serikali ilivunja vyama vyetu vya ushirika, na chama cha pamba cha Nyanza, kilichokuwa fahari ya ukanda huu, kikafa kwa amri. Nani aliyekivunja, Amin? Watu walihamishwa vijijini wakaacha mashamba yenye rutuba. Nani aliyewahamisha? Kahawa ilipopanda bei mwaka 1977 tulipata akiba nzuri ya fedha za kigeni, tukalegeza masharti ya kuagiza bidhaa, na kabla ya mwisho wa 1978 akiba ile ilikuwa imekwenda. Jumuiya ilipovunjika tukalazimika kuanzisha kila kitu upya, shirika la ndege, la reli, la posta. Mafuta nayo yakapanda, na hayakuwapandia Watanzania peke yao. Vita vilikuta mfuko umetoboka, vilipanua tundu.

Wala hatukusaidiwa kuushona. Msumbiji, maskini kama sisi, ilituma askari wake wapatao 800. Wengi wa wakubwa wa dunia, waliokuwa wamemlaani Amin kwa miaka saba, walitupa pongezi. Tulipokwenda kutafuta mkopo, Shirika la Fedha la Kimataifa likatuletea masharti, na Waziri wa Fedha Edwin Mtei, aliyeona tuyakubali, akajiuzulu mwaka uleule wa 1979. Julai, huko Monrovia, Nimeiry na Obasanjo wa Nigeria wakasimama katika kikao cha wakuu wa Afrika wakamshutumu Mwalimu kwa kuingia nchi ya mwenzake. Hapo ndipo tulipolipwa na Afrika.

Mwalimu alituomba tufunge mkanda kwa miezi 18. Tuliufunga. Miezi 18 ikapita, majeshi yetu yakiwa bado Uganda, na huko yalikaa hadi 1981 kwa kuwa serikali tulizosaidia kuziweka hazikuweza kusimama zenyewe. Lule alidumu siku 68. Mwaka 1983 tulikuwa bado tunapanga foleni ya sabuni. Hakuna aliyetoka mbele ya wananchi akasema mkanda ulegezwe, wala akaeleza kwa nini haulegezwi. Hapo ndipo ninapomlaumu Mwalimu, ingawa ndiye kiongozi niliyemheshimu kuliko wote: alituamini kwa damu yetu, hakutuamini kwa hesabu. Watu walioweza kumtoa mtoto na ng'ombe wangeweza kuelezwa pia ni pipa ngapi zilizochomwa na nani aliyetukopesha. Kwa kuwa hawakuelezwa, wamejitungia hadithi mbili hizi ninazozipinga.

Vitabu nilivyofundishia vilikuwa na ukurasa wa maneno matatu, na picha ya Mwalimu mwenye uso wa ukali. Ninautaka ukurasa wa pili, ule wa uwezo. Uwekwe mafuta yaliyoteremshwa Mwanza kila mwezi kuanzia Novemba 1978 hadi Juni 1979. Uwekwe malori na mabasi yaliyochukuliwa, mangapi yalirudi, na wenyewe walilipwa nini. Ziwekwe barua za mabalozi, zile za kukataa pamoja na zile chache za kukubali. Na mgambo: walitoka wilaya zipi, wangapi wa kila wilaya, na pamba ya wilaya hizo ilikuwa marobota mangapi msimu ule.